Barua ya wazi kwa wanaosimamia ardhi ya Chernobyl: msitu nao ni ghala la mionzi

Kwa Wakala wa Serikali ya Ukraine unaosimamia Eneo Lililotengwa la Chernobyl. Kwa Huduma ya Dharura ya Ukraine. Kwa Shirika la Kimataifa la Nishati ya Atomiki, IAEA, mjini Vienna. Na kwa nchi wafadhili zilizochangia Chernobyl kupitia Benki ya Ulaya ya Ujenzi na Maendeleo.

Waheshimiwa,

Tangu kinu namba 4 cha mtambo wa nyuklia wa Chernobyl kilipolipuka usiku wa tarehe 26 Aprili 1986, fedha na akili nyingi za dunia zimeelekezwa kwenye jengo lile moja, wala hazikupotea bure. Kuba la chuma lililosogezwa juu yake Novemba 2016, lenye kimo cha mita 108 na upana wa mita 257, liligharimu takriban euro bilioni 1.5 zilizochangwa na nchi zaidi ya 40, na ni kazi ya uhandisi inayostahili heshima. Ninachowaandikia leo ni kile kilichobaki nje ya kuba hilo. Eneo lililotengwa upande wa Ukraine lina ukubwa wa kilomita za mraba zipatazo 2,600, sehemu yake kubwa sasa imefunikwa na msitu, na msitu huo ndio ulioshika siziamu, stronshiamu na plutoniamu, elementi zenye mionzi zilizotua hapo mwaka 1986, kwenye miti yenyewe, kwenye majani yaliyoanguka na kwenye udongo wa juu. Ombi langu ni kwamba msitu huo uhesabiwe na ulindwe kama ghala la taka za nyuklia, kwa bajeti, kwa watumishi na kwa masharti ya usalama yanayolingana na hadhi hiyo, badala ya kuachwa kuwa pori linalokumbukwa pale moshi unapofika Kyiv.

Naandika kama mtu wa misitu. Sehemu kubwa ya maisha yangu ya kazi imepita kwenye mashamba ya misonobari ya Nyanda za Juu Kusini za Tanzania, ambako kila kiangazi hofu ya moto ndiyo hupanga ratiba ya ofisi nzima, na msonobari wa Polesia, ukanda wa misitu na vinamasi ilimo Chernobyl, ingawa ni wa jamii nyingine, una utomvu uleule na hudondosha sindano kavu zilezile, yaani majani yake membamba, zinazoshika moto kwa cheche moja. Naandika kwa Kiswahili kwa sababu Tanzania, Kenya, Uganda na Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo ni wanachama wa IAEA, na kwa sababu Kenya na Uganda zinapanga kujenga vinu vyao. Wananchi wa Uyombo kule Kilifi walipopinga kinu kuletwa kwao, waliambiwa mengi kuhusu usalama wa jengo. Ni haki yao, na haki ya kila msomaji wa lugha hii, kujua pia kinachoendelea kwenye ardhi inayolizunguka jengo miaka mingi baada ya ajali. Ofisi za Vienna, nina hakika, hazikosi wafasiri.

Baadhi yenu mnayajua yafuatayo kunishinda, lakini barua ikiwa ya wazi huwa na wasomaji wengine wanaostahili kuelezwa. Siziamu-137 inafanana kikemia na potasiamu, na stronshiamu-90 inafanana na kalsiamu. Mti hauna namna nzuri ya kuzitenganisha, kwa hiyo mizizi huzivuta pamoja na virutubisho vyake, huzipandisha hadi kwenye mbao na sindano, na kila mwaka majani yanayoanguka hurudisha ardhini sehemu ya kile kilichopandishwa. Ndiyo maana, karibu miongo minne baadaye, sehemu kubwa ya mionzi bado haijazama mbali: imo katika tabaka la majani yaliyooza nusunusu na katika sentimita chache za udongo chini yake, yaani mahali hasa ambapo moto wa msituni huanza kula. Moto ukipita, joto la ndimi zake hugeuza siziamu kuwa mvuke ambao baadaye huganda juu ya chembe za moshi, na stronshiamu na plutoniamu hupeperuka zaidi zikiwa ndani ya majivu. Kiasi kikubwa hubaki palepale kwenye majivu ardhini, tayari kuchukuliwa na upepo wa wiki ijayo, au na mvua inayoyashusha hadi mto Pripyat, ambao humwaga maji yake katika mto Dnipro juu ya Kyiv.

Husemwa mara nyingi kwamba muda utaimaliza kazi hii wenyewe. Ni kweli kwamba siziamu hupungua nusu kila baada ya miaka 30 hivi, na stronshiamu karibu vivyo hivyo, kwa hiyo zaidi ya nusu ya ile iliyotua mwaka 1986 imekwisha kutoweka. Hiyo ni habari njema na sioni sababu ya kuificha. Hata hivyo plutoniamu-239 huhitaji miaka 24,000 kupungua nusu, na amerisiamu-241, ambayo siku ya ajali ilikuwa kidogo, bado inaongezeka mwaka hadi mwaka kwa sababu huzaliwa na plutoniamu-241 inapovunjika. Anayetushauri tuusubiri msitu ujisafishe anazungumzia siziamu na stronshiamu peke yake.

Pamoja na mionzi hiyo kuna kuni, na hapa ndipo jicho la bwana misitu linapoona kitu ambacho mtaalamu wa vinu anaweza kukipita. Watu wapatao 116,000 walihamishwa mwaka ule wa 1986. Mashamba waliyoyaacha yakageuka nyika za nyasi ndefu, kisha yakaingiwa na mibirchi na misonobari iliyojiotea bila mpango. Misonobari iliyopandwa enzi za Muungano wa Kisovieti kwenye udongo wa kichanga, ikiwa imebanana kama ipandwavyo miti ya mbao, ilipaswa kupunguzwa mara kadhaa kadiri inavyokua, na sehemu kubwa haikupunguzwa. Sasa miti dhaifu imekauka ikiwa imesimama, mingine imeshambuliwa na wadudu wa magome, mingine imeanguka na kupandana. Utafiti uliochapishwa mwaka 2014 na Timothy Mousseau na wenzake ulionyesha kwamba majani yanayoanguka kwenye sehemu zenye mionzi mingi huoza polepole kuliko kwingine, jambo linalomaanisha kwamba pale panapostahili kuungua kwa shida ndipo panapojilimbikizia vya kuungua. Ongezeni mifereji iliyochimbwa zamani kukausha vinamasi vya Polesia, ambayo bado inanyonya maji kutoka kwenye mboji, na mtaelewa kwa nini msitu huu uliwaka vibaya mwaka 1992, ukawaka tena Aprili na Agosti 2015, ukawaka katika Msitu Mwekundu wenyewe mwaka 2018, na kwa nini mwaka 2020 ukaizidi mioto hiyo yote ya nyuma.

Msitu Mwekundu ni jina walilopewa misonobari ya karibu na kinu iliyokufa wiki chache baada ya ajali, sindano zake zikageuka rangi ya kutu. Miti ile iliangushwa kwa tingatinga na kufukiwa kwenye mitaro palepale, kisha miti mingine ikaota na kupandwa juu yake, ambayo leo mizizi yake inavuta stronshiamu kutoka kwenye kaburi la miti iliyoitangulia. Sijui kama kuna mahali pengine duniani ambapo taka za nyuklia zimefunikwa kwa kitu kinachoweza kushika moto, na pasiwe na mtu anayepaita ghala.

Aprili 2020 inafaa kuangaliwa kwa utulivu, kwa sababu kila udhaifu wa mpango uliopo ulijionyesha ndani ya mwezi mmoja. Majira ya baridi yaliyotangulia yalikuwa ya joto na yenye theluji kidogo, nyasi za mwaka uliopita zilikuwa zimesimama kavu, na siku za mwanzo za mwezi moto ukazuka karibu na Volodymyrivka na sehemu nyingine. Kijana wa miaka 27 alituhumiwa kuwa alichoma nyasi kwa kujifurahisha tu. Mamia ya wazimamoto walipelekwa, ndege na helikopta zikamwaga maji, na moto ukasogea hadi kilomita chache kutoka kwenye mtambo na kwenye maghala ya taka. Tarehe 14 mvua ilinyesha, na ikatangazwa kwamba hakuna tena moto unaoonekana. Siku mbili baadaye upepo mkali uliamsha visiki na mboji iliyokuwa ikifuka chini kwa chini, na Kyiv, umbali wa kilomita zipatazo 100 upande wa kusini, ikafunikwa na moshi hadi ikaorodheshwa miongoni mwa miji yenye hewa chafu zaidi duniani, tena katika siku ambazo wakazi wake walikuwa wamefungiwa majumbani kwa ajili ya korona. Mpaka mwisho makumi ya maelfu ya hekta yalikuwa yameungua, na vijiji kadhaa visivyo na watu vimeteketea.

Kwa mtu wa misitu, tangazo la tarehe 14 ndilo lenye funzo. Ndimi za moto zikishazimika, kazi huwa haijafika nusu. Kikosi hubaki mahali hapo kwa siku kadhaa, kikichimbua visiki kimoja kimoja, kikipekua mizizi, kikimwagia maji na kurudi kuangalia tena, hadi mtu aweze kuweka kiganja ardhini bila kuungua. Sasa nani aende kufanya kazi hiyo Chernobyl? Kila saa ya kuchimbua kisiki kwenye majivu yale ni saa ya kuvuta vumbi lenye mionzi, na kamanda anayewaondoa vijana wake mapema kuliko inavyotakiwa hafanyi uzembe, bali anafanya hesabu ambayo hakuna kitabu cha zimamoto kilichomsaidia kuifanya. Mahali pengine popote serikali inaweza kubishana kama ni nafuu kuzuia moto au kuusubiri na kuuzima. Hapa hakuna ubishi wa namna hiyo, kwa kuwa kuuzima moto kikamilifu kunamgharimu anayeuzima kwa njia isiyorudishwa na posho.

Jambo lililofuata 2020 lilihusu tarakimu. Mkuu wa muda wa idara ya ukaguzi wa mazingira ya Ukraine alichapisha picha ya kipimo chake katikati ya eneo la moto kikionyesha mikrosiveti (kizio cha kupimia dozi ya mionzi) 2.3 kwa saa, ambapo kawaida aliyoitaja ni 0.14, maofisa wengine wakajibu haraka kwamba mionzi haijaongezeka. Wananchi wakalazimika kuchagua nani wa kumwamini, ilhali pande zote mbili zingeweza kuwa sahihi: mmoja alipima palipokuwa pakiungua, katika eneo ambalo hata siku isiyo na moto vipimo vyake hutofautiana sana kutoka mahali hadi mahali, na wengine wakazungumzia hewa ya mjini. Tarehe 24 Aprili IAEA ilitoa taarifa, ikitegemea takwimu za Ukraine, kwamba ongezeko lilikuwa dogo sana na halikuhatarisha afya ya watu. Naikubali taarifa hiyo. Wanaotangaza kila mwaka kwamba moshi wa Chernobyl utaua Ulaya wanawakosea watu wa Ulaya, na wanawakosea zaidi wale wanaohitaji kusikilizwa, kwa sababu hofu iliyopitiliza ikishathibitika kuwa ya uongo huondoka pamoja na fedha zilizokuwa zitolewe.

Ninacholalamikia ni kwamba swali lililojibiwa lilikuwa la mkazi wa Kyiv, na halikuwa la mtu aliyeshika mpira wa maji. Kifaa ambacho mzimamoto huvaa kifuani hupima mionzi inayomfikia kutoka nje. Hakiwezi kugundua chembe ya plutoniamu au amerisiamu iliyotua ndani ya pafu lake, kwa maana miale ya alfa ya chembe hiyo haina nguvu ya kupenya hata ngozi, na ndiyo hiyohiyo inayoumiza ikiwa imekaa ndani. Hata mashine ya kumpima mtu mwili mzima huona siziamu vizuri na huipita plutoniamu. Kuipata kunahitaji vipimo vya mkojo vinavyofanywa kwa uangalifu na kurudiwa. Barakoa yenye kichujio husaidia sana, lakini anayepanda kilima akiwa na pampu mgongoni na joto usoni ataivua baada ya muda mfupi, na asiyeamini aivae mwenyewe asubuhi moja. Kwa hiyo zamu zipangwe fupi kwa kuzingatia barakoa hiyo, na idadi ya watu iongezwe ili zamu fupi ziwezekane.

Naomba, basi, kwamba kila anayeingia kuzima moto katika eneo hilo atambuliwe kisheria kama mfanyakazi wa mionzi, sawa na fundi anayeingia chini ya kuba: apimwe kabla ya msimu na baada yake, kumbukumbu zake zitunzwe kwa maisha yake yote, na matokeo apewe yeye mwenyewe kwa maandishi. Nikisema kila mtu sina maana ya askari wa Huduma ya Dharura peke yao. Wa kwanza kufika kwenye moto kwa kawaida ni wafanyakazi wa misitu, walinzi wa hifadhi na dereva wa trekta anayechimba mkingo mbele ya moto akiwa ndani ya wingu la vumbi alilolitimua mwenyewe. Hao ndio wanaosahaulika orodha zinapoandikwa, kwetu na kwenu.

Vita vimefanya yote haya kuwa magumu zaidi. Majeshi ya Urusi yalilikalia eneo lote kuanzia tarehe 24 Februari 2022 hadi mwisho wa Machi, yakachimba mahandaki hadi kwenye udongo wa Msitu Mwekundu, vituo vya kupima mionzi vikaacha kutuma takwimu, maabara ikaporwa, na satelaiti za Ulaya zikaonyesha moto sehemu kadhaa ambako hakuna aliyeweza kwenda kuuzima. Mabomu ya ardhini yamebaki. Gari la zimamoto haliwezi tena kuacha barabara na kuingia msituni kabla wataalamu wa mabomu hawajapita. Tarehe 14 Februari 2025 ndege isiyo na rubani ililipiga kuba lenyewe, ikatoboa paa, na vifaa vya ndani ya paa vikafuka moshi kwa wiki kama tatu kabla havijazimika. Lawama ya vita iko Moscow, na barua ya kuidai ni nyingine. Ninachowaomba ninyi ni kwamba ratiba ya kutegua mabomu ipangwe pia kwa ramani ya moto: njia zinazofika kwenye misonobari mikavu, kwenye mitaro ya taka na kwenye mabwawa ya kuchotea maji zitangulie, hata kama hakuna mtu anayeishi karibu nazo. Najua kuwa mashamba ya wakulima yana haki ya kutangulia mengi. Naomba tu msitu usiwe wa mwisho kabisa.

Kuhusu namna ya kupunguza kuni, nisingependa mdhani kwamba mtu wa mbali anawaletea jibu rahisi. Kwetu tungefyeka, tungepunguza miti na kuuza magogo, na mwanzoni mwa kiangazi tungechoma mapema nyasi za kandokando kabla hazijakauka kabisa. Chernobyl kila moja ya njia hizo ina ubaya wake. Kuchoma kwa makusudi ni kuitoa mionzi kwa makusudi. Kupunguza miti kunaweka watu wenye misumeno kwenye vumbi, na gogo lililokatwa lina stronshiamu ndani yake na halina pa kwenda. Likiachwa ni kuni, likifukiwa ni taka, na likiibwa, maana biashara ya magendo ya mbao na vyuma kutoka eneo hilo si siri, huishia kwenye jiko la mtu asiyejua anachokichoma, na majivu yake kwenye bustani yake. Hata kulima mikingo ya moto kwa trekta kunainua udongo ambao tungependa ubaki umelala.

Pamoja na hayo, kutochagua nako ni kuchagua, na kwa mawazo yangu kuna kazi ambazo faida yake inazidi madhara yake kwa mbali. Ya kwanza ni barabara. Njia nyingi za msituni zimefungwa na miti iliyoota au kuanguka, na bila njia hata gari jipya kabisa litaishia pembezoni. Kuzifungua zile kuu na kusafisha ukanda wa mita kadhaa kila upande ni kazi inayoweza kufanywa na mashine zenye vyumba vilivyofungwa na vichujio vya hewa, ambazo dereva wake hapati vumbi. Msitu hauna haja ya kupunguzwa wote. Utengwe vipande kwa njia hizo ili moto wa kipande kimoja usiwe moto wa wilaya nzima, na ukataji mzito uelekezwe kuuzunguka mtambo, maghala na Msitu Mwekundu, halafu mikanda ya miti yenye majani mapana, kama mibirchi na mialoni, iachiwe nafasi mahali palipofunguliwa, kwa kuwa haiwaki haraka kama misonobari.

Kazi ya pili ni maji, na hii ndiyo ninayoipenda zaidi kwa sababu haihitaji mtu kusimama kwenye moshi. Ile mifereji ya zamani ilichimbwa ili watu walime. Hakuna anayelima tena. Ikizibwa, mboji italowa, na mboji iliyolowa haifuki moto chini kwa chini kwa wiki nzima. Biva, wale wanyama wanaojenga mabwawa kwa matawi, wamekwisha kuianza kazi hiyo sehemu kadhaa bila bajeti ya serikali, na ingekuwa vyema wahandisi wa maji waende kuona walikofikia. Farasi pori wa jamii ya Przewalski walioletwa mwaka 1998 nao wameongezeka, na malisho yao hupunguza nyasi za nyikani ambazo ndizo huanza kushika moto kila Aprili. Wala wanyama hawa hawatoshi kuwa mpango wa zimamoto. Nawataja kwa sababu Hifadhi ya Biosfia iliyoanzishwa hapo mwaka 2016 ina sababu zake za kutaka maji na malisho, na zimamoto ina zake, na zinapatana.

Mpaka na Belarus ni jambo ambalo sina budi kuligusa ingawa najua wakati ni mbaya. Ng'ambo yake ipo hifadhi iliyotengwa mwaka 1988 kwa sababu ya mionzi ileile, yenye kilomita za mraba zaidi ya 2,000, na moto umekwisha kuvuka mpaka huo. Sitarajii maofisa wa pande mbili wakae meza moja leo. Lakini IAEA ina uwezo wa kupokea taarifa za moto kutoka kila upande na kuzipitisha kwa mwingine bila kumlazimisha yeyote kumpa mkono mwenzake, na kwa moto unaokimbia na upepo taarifa ya saa tatu mapema ni kubwa kuliko helikopta mbili.

Kwa IAEA nina ombi jingine linalozidi Chernobyl. Tarehe 29 Aprili 2017 moto ulizuka milimani katika Namie, mkoani Fukushima, ndani ya eneo lililofungwa tangu ajali ya Machi 2011, na ukaendelea kwa zaidi ya wiki moja. Takriban asilimia 70 ya mkoa ule ni msitu, na kazi kubwa ya kusafisha ardhi ilijikita kwenye makazi, mashamba na kingo za msitu zilizo karibu na nyumba, kwa sababu haiwezekani kukwangua milima yote. Tumekwisha kuona hali hiyohiyo katika nchi mbili, zenye miti tofauti na serikali tofauti. Nchi inayokuja kwenu kuomba ushauri wa kujenga kinu hupewa miongozo ya tetemeko, ya mafuriko, ya kuhamisha watu. Iandikwe basi nyingine ya kusimamia msitu uliochafuliwa kwa vizazi viwili au vitatu baada ya ajali, inayosema nani analipa, nani anapimwa, na miti ya kuzunguka mtambo iwe ya aina gani tangu siku kinu kinapochorwa kwenye karatasi. Kenya na Uganda zingeisoma kwa faida.

Kwa wafadhili nitakuwa mfupi. Asilimia moja ya gharama ya kuba ni euro milioni 15. Kwa miaka mingi imeripotiwa kwamba vikosi vya misitu vya eneo hilo hufanya kazi na magari ya enzi za Kisovieti, minara ya kuangalia moto isiyotosha na vifaa vya mawasiliano visivyoaminika. Sasa kuba linahitaji matengenezo ya gharama kubwa baada ya shambulio la 2025, na ninahofu kwamba mkutano ujao wa kuchangisha utajaa michoro ya paa. Paa litengenezwe. Katika bajeti hiyohiyo kuwe na kifungu cha msitu chenye jina lake, kinacholipa mashine za kufungua njia, kamera za minarani, barakoa, vipimo vya maabara na mishahara ya watu wa kutosha kuanzia Machi hadi Oktoba kila mwaka, kwa muda wa miaka kumi angalau, maana mradi wa miaka miwili hautoshi hata kufungua njia na kuzizuia zisifungwe tena.

Bunge la Ukraine lilipandisha mara nyingi faini ya wachomaji nyasi katikati ya moto ule wa 2020, na lilifanya vyema. Sheria hiyo inamgusa mwenye kiberiti. Haimgusi aliyeacha kuni zikilundikana kwa miongo, ambaye ni vigumu kumshtaki kwa kuwa ni ofisi nyingi kwa pamoja, na ndiyo sababu barua hii ina anwani nne.

Naomba, kwa heshima, kwamba kabla ya theluji ya msimu ujao kuyeyuka mchapishe kwa pamoja waraka mmoja usio mrefu: njia zipi za msituni zinapitika na zipi hazipitiki, maeneo gani yamepangiwa kuteguliwa mabomu na lini, wazimamoto na wafanyakazi wa misitu wangapi watakuwa kazini mwezi Aprili, wangapi kati yao wamepimwa mapafu na mkojo, na nani kati yenu ndiye mwenye dhamana ya mwisho moto utakapowaka. Ufasirini hata kwa Kirusi na Kibelarusi, ikiwezekana. Sisi wa Kiswahili tutajifasiria.

Wenu katika kazi ya misitu,

Bwana misitu mstaafu,
Mafinga, Tanzania